Innokenty Smoktunovsky: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Kuhusu Maisha na Kazi ya Mwigizaji wa Urusi

Innokenty Smoktunovsky alikuwa nani?

Alikuwa mwigizaji wa jukwaani na wa filamu, aliyezaliwa Siberia tarehe 28 Machi 1925 na kufariki dunia tarehe 3 Agosti 1994. Nje ya Urusi anajulikana zaidi kwa filamu ya Hamlet iliyoongozwa na Grigory Kozintsev mwaka 1964. Ndani ya Urusi wengi humkumbuka kwanza kama Yuri Detochkin, yule wakala mpole wa bima anayeiba magari ya walarushwa. Wapenzi wa maonyesho ya jukwaani nao hutaja kwanza uhusika wake wa Mwanamfalme Myshkin, wa riwaya ya Dostoevsky, mjini Leningrad, ambao waliobahatika kuuona ni wale tu waliokuwa ukumbini.

Wahusika hao watatu, pamoja na wengine wengi aliowacheza, wana jambo moja linalowaunganisha: ni watu wasiotumia nguvu, na bado ndio wanaotawala kila tukio wanalomo. Katika enzi ambayo sinema ya Kisovieti ilipenda mashujaa wenye mabega mapana na sauti za kuamrisha, Smoktunovsky alileta mtu anayesita, anayesikiliza, na ambaye mawazo yake yanaonekana usoni kabla hajafungua mdomo. Kuelewa alivyofika hapo kunahitaji kuyafuata maisha yake tangu kijijini.

Alizaliwa wapi, na alilelewa na nani?

Alizaliwa katika kijiji cha Tatyanovka, eneo la Tomsk, katika familia ya wakulima. Jina la ukoo alilozaliwa nalo ni Smoktunovich. Umbo la Smoktunovsky alilichukua baadaye, alipokuwa tayari yuko kwenye uigizaji. Njaa na hali ngumu ya mwanzoni mwa miaka ya 1930 iliwafanya wazazi wampeleke kwa shangazi yake mjini Krasnoyarsk, na huko ndiko alikokulia. Alijaribu masomo ya utabibu wa ngazi ya chini, kisha akajifunza kazi ya kuendesha mashine za kuonyeshea filamu. Baba yake alikwenda vitani na hakurudi.

Je, ni kweli alipigana katika Vita Kuu ya Pili ya Dunia?

Ni kweli. Aliandikishwa jeshini mapema mwaka 1943, akiwa hajatimiza miaka 18, akapelekwa kwenye chuo cha maofisa wa askari wa miguu. Hakuhitimu. Wakati wa mafunzo aliondoka kwenda kuokota viazi vilivyosazwa shambani, kwa kuwa wanafunzi walikuwa na njaa, na adhabu yake ikawa kupelekwa mstari wa mbele kama askari wa kawaida. Alishiriki mapigano ya Kursk, yaliyohesabiwa kuwa miongoni mwa makubwa kuliko yote katika vita vile, kisha kuvuka mto Dnieper. Katika mapigano ya Dnieper alipeleka taarifa za vita makao makuu ya divisheni yake, akivuka maji kwa miguu huku adui akifyatua risasi, na kwa tendo hilo akatunukiwa medali ya Ushujaa.

Desemba 1943 alitekwa na Wajerumani karibu na Kiev. Alikaa utekani kwa takriban mwezi mmoja, na Januari 1944, safu ya mateka ilipokuwa ikitembezwa kwenye baridi kali, alijificha chini ya daraja na kuwatoroka walinzi. Familia moja ya wanakijiji wa Kiukraine ilimpokea akiwa hoi, ikamficha na kumlisha, ingawa adhabu ya kumficha mateka aliyetoroka ilikuwa kifo. Alipopata nguvu alijiunga na wapiganaji wa msituni, kisha akarudi katika Jeshi Jekundu, akashiriki kuikomboa Warsaw na kumalizia vita akiwa Ujerumani, mwenye medali ya pili ya Ushujaa. Familia ile hakuisahau hadi mwisho wa uhai wake.

Ikiwa alikuwa askari aliyetunukiwa, kwa nini alijificha Norilsk baada ya vita?

Swali hili huulizwa na wengi, na jibu lake liko katika siasa za wakati wa Stalin. Askari wa Kisovieti aliyewahi kutekwa na adui, hata kama alitoroka na kupigana tena, alitazamwa kwa shaka na vyombo vya usalama. Wengi waliokuwa mateka walirudi nyumbani na kujikuta wakihojiwa, wakizuiwa kuishi katika miji mikubwa, au wakipelekwa kwenye kambi za kazi ngumu za nchi yao wenyewe. Smoktunovsky alilijua hilo na aliliogopa.

Mwaka 1945 alianza kujifunza katika studio ya jumba la maonyesho la Krasnoyarsk, lakini mwaka 1946 akaondoka kwenda Norilsk, mji wa madini ya nikeli ulioko kaskazini mwa mstari wa Aktiki, ambao wenyewe ulijengwa na wafungwa. Hesabu yake ilikuwa ya mtu aliyebanwa: kwa kuwa mji ule tayari ulikuwa mahali pa kufungia watu, hapakuwa na mbali zaidi pa kumpeleka. Alikaa huko hadi mwaka 1951, akicheza katika jumba la maonyesho lililochanganya waigizaji huru na waliohamishiwa huko kwa lazima. Miongoni mwa waliohamishwa alikuwamo Georgy Zhzhyonov, mwigizaji aliyekuwa ameshakaa kambini miaka mingi na ambaye baadaye naye alikuja kuwa nyota wa filamu. Zhzhyonov alitambua kipaji cha kijana yule na akamsukuma aondoke aende kwenye majukwaa makubwa. Miaka ya baridi na ukosefu wa mboga na matunda ilikuwa imemharibia Smoktunovsky afya.

Alisomea wapi uigizaji?

Hakuwa na stashahada ya chuo chochote cha uigizaji. Zaidi ya kipindi kifupi katika studio ya Krasnoyarsk, alijifunza kwa kufanya kazi.

Alifikaje Moscow, na alipokelewaje?

Baada ya Norilsk alicheza Makhachkala, kwenye pwani ya Bahari ya Kaspi, kisha Stalingrad. Mwaka 1955 aliamua kujaribu bahati yake Moscow. Jumba baada ya jumba lilimkataa. Katika kumbukumbu zake alisimulia kwamba hakuwa na mahali pa kulala na kwamba alizunguka jijini wakati wa joto akiwa amevaa mavazi ya michezo ya theluji, kwa sababu hakuwa na nguo nyingine. Mtu wa namna hiyo anayebisha hodi mlangoni na kujitambulisha kuwa mwigizaji haaminiki kirahisi.

Katika mahangaiko hayo alipata kazi ndogondogo za muda, na katika jumba mojawapo alikutana na Sulamith Kushnir, aliyekuwa akishughulikia mavazi ya waigizaji. Walioana, na ndoa hiyo ilidumu hadi kifo chake. Alikuwa ameoa mara moja kabla, mwigizaji Rimma Bykova. Yeye na Kushnir walipata watoto wawili waliokua, Philip na Maria.

Filamu gani ilimtoa kwenye giza?

Ni filamu ya vita iitwayo Askari, ya mwaka 1956, iliyotokana na riwaya ya Viktor Nekrasov kuhusu mahandaki ya Stalingrad. Smoktunovsky alicheza Farber, mwanahisabati anayevaa miwani, ambaye hakuumbwa kwa ajili ya vita lakini hakwepi wajibu wake. Hakuwa mhusika mkuu. Hata hivyo muongozaji Georgy Tovstonogov wa Jumba Kuu la Tamthilia la Leningrad, aliyekuwa akimtafuta mtu wa kumcheza Myshkin katika igizo la riwaya ya Dostoevsky, aliyaona macho ya Farber na kusema kwamba hayo ndiyo macho ya Myshkin.

Kwa nini uhusika wa Myshkin husifiwa kiasi kile?

Mwanamfalme Myshkin wa Dostoevsky ni mtu mwema kabisa anayeingia katika jamii ya tamaa, wivu na fedha, na watu wanamwona punguani kwa sababu hajui kusema uongo. Ni uhusika unaowashinda waigizaji wengi, kwani wema mtupu jukwaani hugeuka haraka kuwa utamu usioaminika.

Mazoezi yalikwenda vibaya. Smoktunovsky hakuweza kuupata mwili wa mhusika wala sauti yake, na wenzake walianza kutilia shaka uamuzi wa muongozaji. Kisha likatokea jambo alilolisimulia mara nyingi. Akiwa katika studio ya filamu ya Lenfilm, katikati ya watu wanaokimbilia huku na huko, alimwona mtu mmoja amesimama akisoma kitabu. Hakusogea, hakuudhiwa na makelele, wala hakuonekana kuyasikia. Alikuwa peke yake ndani ya kitabu chake. Smoktunovsky alipouliza, aliambiwa kwamba mtu yule alikuwa amekaa kambini miaka 17, na kwamba hata kule alikuwa akisimama vilevile na kusoma. Kutokana na mgongo ule na shingo ile akampata Myshkin: mtu ambaye hakuna kelele ya dunia inayoweza kumwondoa mahali aliposimama.

Onyesho la kwanza lilifanyika tarehe 31 Desemba 1957, Yevgeny Lebedev akicheza Rogozhin, hasimu wa Myshkin. Mtazamaji wa mwaka 1957 hakuhitaji kuelezwa mtu aliyetoka mbali akiwa na afya dhaifu na moyo usio na chuki ni nani. Wafungwa walikuwa wanarejea kutoka kambini kwa maelfu, na kila familia ilimjua mmoja. Kwa maoni yangu hapo ndipo penye siri ya nguvu ya igizo lile: Smoktunovsky alichukua mhusika wa karne ya 19 na kumrudisha kwa watu kama jirani waliyemdhania amekufa.

Kwa nini basi aliliacha jumba lililomfanya maarufu?

Filamu zilikuwa zikimwita, na ratiba ya jumba ilimzuia. Mwaka 1960 aliondoka. Mwaka 1966 alirejea kwa muda kumcheza Myshkin tena, safari hii Tatyana Doronina akiwa Nastasya Filippovna, mwanamke ambaye Myshkin na Rogozhin wote wanamtaka, na igizo hilo likapelekwa London na Paris. Baada ya hapo hakufanya tena kazi ya kudumu chini ya Tovstonogov, na hilo ni pengo katika historia ya jukwaa la Urusi, kwa kuwa wawili hawa walikuwa wamefikia mahali ambapo ni wachache wanaofika.

Hamlet wake ana tofauti gani na wengine?

Kabla ya Hamlet, mwaka 1962, Smoktunovsky alikuwa ametokea katika filamu ya Mikhail Romm, Siku Tisa za Mwaka Mmoja, akiwa mwanafizikia Kulikov, mcheshi mwenye akili kali, kando ya Aleksei Batalov aliyecheza mtafiti aliyedhuriwa na mionzi. Filamu hiyo ilishinda zawadi kuu katika tamasha la filamu la Karlovy Vary na kumwonyesha Smoktunovsky kuwa mtu wa kisasa kabisa. Usasa huo ndio alioupeleka Elsinore, kwenye ngome ya Hamlet.

Kozintsev alipiga filamu yake kwa rangi nyeusi na nyeupe kwenye skrini pana, akatumia maneno ya Shakespeare kwa Kirusi cha Boris Pasternak na muziki wa Dmitri Shostakovich. Denmark yake ni gereza lililojengwa kwa mawe, lenye walinzi, masikio ukutani na picha za mfalme kila mahali. Hamlet wa Smoktunovsky anafikiri, na katika nchi ya namna hiyo kufikiri peke yake ni kosa. Maneno mashuhuri ya kuwapo au kutokuwapo hayatamkwi kwa mdomo. Tunamwona akitembea kando ya bahari, kati ya miamba, na sauti yake tunaisikia kutoka ndani, kama mtu anayejua kwamba hata ufukweni hapafai kusema kwa sauti.

Anayetaka kumwelewa mwigizaji huyu kwa dakika chache na atazame tukio la filimbi. Rosencrantz na Guildenstern, marafiki wa zamani waliotumwa kumpeleleza, wanaombwa na Hamlet wapige filimbi. Wanajibu kwamba hawajui. Hapo anawauliza inakuwaje washindwe kupiga kijiti kile kisha wadhani wanaweza kumpiga yeye, wakijua kila tundu la roho yake. Maneno haya yangeweza kupayukwa, na waigizaji wengi huyapayuka. Smoktunovsky anayasema kwa hasira aliyoishikilia kwa kamba fupi, kwa karibu sana na nyuso zao, na wanaoaibika ni wao. Mtu aliyeishi miaka akihofia kuitwa na kuhojiwa alikuwa na mahali pa kuyatoa maneno yale.

Filamu ilipata zawadi maalumu ya majaji huko Venice mwaka 1964. Mwaka 1965 Smoktunovsky na Kozintsev walipewa Tuzo ya Lenin, na nchini Uingereza mwigizaji huyu alipendekezwa kuwania tuzo ya BAFTA ya mwigizaji bora wa kigeni.

Jihadhari na Gari inahusu nini, na kwa nini Warusi wanaipenda hivyo?

Ni vichekesho vya huzuni vya Eldar Ryazanov, vilivyotolewa mwaka 1966. Yuri Detochkin huiba magari ya watu waliotajirika kwa rushwa na ulanguzi, huyauza, na fedha zote huzipeleka katika nyumba za watoto yatima, akijiwekea tu gharama za safari na kuziandikia hesabu kamili. Mpelelezi anayemsaka, aliyechezwa na Oleg Yefremov, anakuwa rafiki yake, kwa kuwa wote wawili ni waigizaji wa ridhaa katika kikundi kimoja, na kikundi hicho kinaandaa Hamlet.

Mtazamaji wa mwaka 1966 aliyekuwa amemwona Smoktunovsky akiwa Hamlet miaka miwili nyuma sasa alimwona wakala wa bima akivaa vazi la Hamlet, na machozi na kicheko vikaja kwa pamoja. Mwanzoni Smoktunovsky aliukataa uhusika huu. Ryazanov alimfuata hadi nyumbani kwake nje ya Leningrad kumshawishi. Alifanya vyema kumfuata, kwani Detochkin akichezwa na mchekeshaji wa kawaida angekuwa mjanja tu wa mjini, ilhali kwa Smoktunovsky amekuwa ndugu yake Myshkin: mtu mwema anayevunja sheria kwa sababu hawezi kuvumilia dhuluma, na ambaye mahakama inashindwa ama kumsamehe ama kumchukia.

Alicheza kazi gani nyingine za fasihi ya Kirusi kwenye filamu?

Nyingi mno kwa jibu moja, hivyo nitataja zile zisizokwepeka. Katika Uhalifu na Adhabu ya Lev Kulidzhanov, ya mwaka 1970, alikuwa mpelelezi Porfiry Petrovich, na upole wake safari hii unatisha, kwa kuwa ni upole wa anayewinda. Mwaka huohuo alicheza uhusika mkuu katika filamu ya Igor Talankin kuhusu mtunzi wa muziki Tchaikovsky, iliyopendekezwa kuwania Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Katika Mjomba Vanya ya Andrei Konchalovsky alikuwa Voinitsky, mtu anayegundua akiwa na umri wa karibu miaka 50 kwamba amemtumikia bure profesa asiye na thamani. Sergei Bondarchuk alikuwa daktari Astrov.

Kuna jambo la pekee kuhusu Mozart na Salieri, kisa kilichoandikwa na Pushkin. Mwaka 1962 Smoktunovsky alicheza Mozart katika filamu ya opera. Mwaka 1979, katika filamu ya televisheni ya Mikhail Schweitzer iliyokusanya tanzia fupi za Pushkin, alicheza Salieri, muuaji mwenye wivu, na humohumo akawa pia yule Kabaila bahili anayezungumza na masanduku yake ya dhahabu. Mwaka 1984 Schweitzer huyohuyo alimpa Plyushkin, bahili mwingine, wa Gogol.

Na katika Kioo ya Andrei Tarkovsky, ya mwaka 1975, hatumwoni kabisa. Sauti ya msimulizi ndiyo yake, na sauti hiyo pekee inabeba filamu nzima.

Je, alirudi kwenye jukwaa?

Alirudi, tena kwa kishindo. Mwaka 1973, katika Jumba la Maly mjini Moscow, alicheza Tsar Fyodor Ioannovich, mfalme mpole anayetaka kuwapatanisha watu wote na kwa hilo anaiangamiza nchi, katika igizo lililoongozwa na Boris Ravenskikh na kutungiwa muziki na Georgy Sviridov. Huyu naye ni wa ukoo wa Myshkin, ila sasa amepewa madaraka, na wema wake unageuka balaa.

Mwaka 1976 alihamia Jumba la Sanaa la Moscow kwa Oleg Yefremov, mpelelezi wa ile filamu ya magari, ambaye ndiye aliyekuwa kiongozi wa jumba hilo. Alianza na Ivanov wa Chekhov na kubaki huko hadi mwisho. Mwaka 1984, chini ya Lev Dodin, alicheza Yudushka katika Familia ya Golovlyov, mnafiki anayeomba Mungu huku akiwamaliza ndugu zake. Waliozoea kumwona mpole walishtuka. Alitumia sauti ileile ya chini, mikono ileile laini, na kila kilichokuwa wema kwa Myshkin hapa kikawa sumu. Baadaye alicheza mtunzi Bach, Yefremov akiwa Handel, wazee wawili wakibishana kuhusu umaarufu na kazi.

Alipata heshima gani rasmi?

Alikuwa Msanii wa Taifa wa Umoja wa Kisovieti kuanzia mwaka 1974 na Shujaa wa Kazi ya Kijamaa kuanzia mwaka 1990. Mwaka 1990 alicheza pia mshonaji mzee wa Kiyahudi mjini Kiev katika usiku wa mwisho kabla ya mauaji ya Babi Yar ya mwaka 1941, na filamu hiyo ikampatia tuzo ya Nika ya mwigizaji bora. Heshima iliyochelewa kuliko zote ilikuwa ile medali ya mwaka 1943, ambayo hakuwahi kukabidhiwa: alivishwa miaka 49 baadaye, akiwa jukwaani katika Jumba la Sanaa la Moscow, siku aliyokuwa akicheza katika igizo la Bulgakov.

Alifariki vipi, na amezikwa wapi?

Moyo ulimsumbua kwa muda mrefu. Alifariki akiwa na miaka 69 na kuzikwa katika makaburi ya Novodevichy mjini Moscow. Filamu yake ya mwisho kutolewa ilionyeshwa baada ya kifo chake, ikiwa na sauti ya mwigizaji mwingine, kwa kuwa hakuwahi kurekodi maneno yake.

Mtu asiyejua Kirusi aanzie wapi?

Studio ya Mosfilm imeweka filamu zake nyingi za zamani kwenye YouTube, baadhi zikiwa na maandishi ya tafsiri chini ya picha. Ningeshauri kuanza na Hamlet, ambayo ni ya Lenfilm, kwa sababu kisa chake kinajulikana na macho yanabaki huru kumtazama mwigizaji. Inayofuata iwe Jihadhari na Gari, ambayo kwa Kirusi hutafutwa kwa jina Beregis avtomobilya. Ni vizuri zitazamwe kwa mpangilio huo, kwa kuwa mzaha wa ya pili unategemea ya kwanza. Mjomba Vanya inafaa kusubiri kidogo. Ni filamu ya taratibu, na anayeitazama akiwa tayari ameizoea sauti ya Smoktunovsky ataona Voinitsky akivunjika muda mrefu kabla bastola haijatolewa.